Kusoma Ndiko Kusali

Katika Kihaya, lugha niliyonyonya nayo, kitenzi okushoma kina maana mbili. Ya kwanza ni ile ile ya Kiswahili: kuyatazama maandishi na kuyafahamu. Ya pili ni kusali, kufuata dini, kuwa mtu wa kanisa au wa msikiti. Bibi yangu, aliyezaliwa na kuzikwa hapa Ijuganyondo, hakuijua herufi hata moja; lakini kila Jumapili alijifunga kanga mbili akatuambia kwamba anakwenda kusoma, na hakuna mjukuu aliyecheka. Jirani yetu Mwislamu alipotandika mkeka wake alasiri, bibi alitunyamazisha kwa kusema kuwa mzee anasoma. Naye mtu aliyekuwa bado anatambikia mizimu ya kwao aliitwa asiyesoma, hata kama kichwani mwake alikuwa na nasaba ya wafalme wote wa Kyamutwara.

Washairi wenzangu na wapenzi wa lugha, neno hilo nimelichukulia tangu utotoni kama mtu anavyochukulia mlango wa nyumba yao: unapita kila siku bila kuutazama. Mwaka jana nililazimika kuutazama, kwa sababu ya utenzi mfupi wa harusi ulioleta mfarakano katika ukoo wetu. Habari ya utenzi huo nitaieleza mbele. Kwanza niseme neno lilikotoka, maana ugomvi wetu wa mwaka jana ulikuwa na mizizi mirefu kuliko wagombanaji.

Maana ile ya pili ya kusoma ilitujia kutoka Buganda, na Buganda ilianzia kwa watu wa pwani. Mwaka 1844 mfanyabiashara Ahmed bin Ibrahim alifika katika ikulu ya Kabaka Suna II. Mapokeo ya Waganda yanamkumbuka kuwa ndiye mgeni aliyethubutu kumwambia Kabaka kwamba watu anaowaua ovyo wana Mwenyezi aliyewaumba. Misafara ya Waarabu na Waswahili ilikuwa ikitoka pwani hadi Tabora, kisha inapanda kaskazini kupitia Karagwe, ambako walikuwa na kituo chao mahali panapoitwa Kafuro. Speke na Grant walipokaribishwa na Mukama Rumanyika wa Karagwe mwishoni mwa 1861, walikuwa wanaifuata njia ambayo miguu ya wapagazi wa pwani ilikwisha kuilainisha.

Mutesa, mwana wa Suna, aliupokea Uislamu kwa kiasi chake. Alifunga Ramadhani kwa miaka kadhaa, akajifunza herufi za Kiarabu, akazungumza Kiswahili na wageni wake. Vijana wa ikulu walioketi na walimu mbele ya kitabu waliitwa abasomi, yaani wasomaji. Mwaka 1876 baadhi ya vijana hao waliuawa, kwa sababu walikataa kula nyama isiyochinjwa kwa sheria ya dini yao. Hao ndio wasomaji wa kwanza wa nchi hizi za ziwa kufa kwa ajili ya kusoma kwao, nao walikuwa Waislamu.

Alexander Mackay, Mprotestanti wa Uingereza, alifika huko mwaka 1878. Padri Siméon Lourdel, Mkatoliki wa Ufaransa, alifika Februari 1879. Wote wawili walikuta Kiswahili kinatumika ikulu kuzungumza na wageni, na wote walilikuta neno tayari. Wanafunzi wao nao wakaitwa abasomi. Neno lililoanza kwa watoto wa Kurani likawafunika watoto wa Injili, Wakatoliki kwa Waprotestanti, bila kumwomba mtu yeyote ruhusa. Mwaka 1886 wasomaji wa Kikristo walichomwa moto Namugongo. Mtu aliyesikia habari zao kwa mbali, asiyejua tofauti ya msikiti na kanisa, angesema tu kwamba wasomaji wameuawa tena.

Isidhaniwe kwamba nasimulia hadithi ya upole mtupu. Mwanzoni mwa Aprili 1875 Henry Morton Stanley alikuwa ikulu ya Mutesa, akizungumza naye habari za Biblia. Tarehe 28 ya mwezi huo huo, akirudi kusini kwa mashua yake Lady Alice, alitia nanga kwenye kisiwa cha Bumbire, ambacho leo kimo katika wilaya ya Muleba. Wenyeji waliivuta mashua nchi kavu na kumnyang'anya makasia. Stanley alijinasua kwa bunduki, na watu wakafa. Agosti mwaka huo alirudi na kundi kubwa la mitumbwi na silaha, akawamiminia risasi watu waliosimama ufukweni. Mtu yule yule, mwaka ule ule, alimwacha kwa Mutesa kijana Dallington Muftaa, aliyesomeshwa na wamisionari wa Zanzibar, awe anamsomea Kabaka Maandiko kwa Kiswahili. Kitabu na baruti vilisafiri katika mashua moja. Mhaya wa Bumbire na Mganda wa ikulu walikutana na mgeni mmoja, na kila mmoja alibaki na kumbukumbu yake.

Bukoba yenyewe, kama kituo cha serikali, iliasisiwa Novemba 1890 na mtu ambaye maisha yake ni mkutano wa dini tatu. Emin Pasha alizaliwa Silesia mwaka 1840 katika familia ya Kiyahudi, akabatizwa Mprotestanti akiwa mtoto, kisha katika utumishi wa dola ya Uturuki akajichukulia jina la Kiislamu. Alipokuja hapa alikuwa akiitumikia Ujerumani. Miaka miwili baadaye aliuawa Kongo, lakini mji alioupanga kando ya ziwa ukabaki.

Wakati huo Buganda ilikuwa inawaka. Tangu 1888 Waislamu na Wakristo walikuwa wamefukuzana kwa zamu, kisha Januari 1892 Wakatoliki na Waprotestanti wakapigana wao kwa wao pale Mengo. Wakatoliki wakashindwa, na Askofu Hirth akaelekea kusini, upande wa Wajerumani. Mwaka huo huo misheni ya Kashozi, waliyoiita Marienberg, ikaanzishwa kwetu. Waislamu walioshindwa nao walitafuta pa kukaa. Kwa hiyo dini zilizofika Buhaya hazikuja zikiwa safari za kitalii. Zilifika zikiwa na majeraha, na kila mkimbizi aliwabebea wenyeji neno lile lile: okusoma. Sisi tukaligeuza likawa okushoma, kwa sababu ulimi wa Mhaya hupenda sh.

Waprotestanti wetu wana historia inayonifurahisha zaidi mimi niliye mwalimu. Biblia nzima ya Kiganda ilikamilika mwaka 1896. Ilichapwa fupi na nene, umbo la tofali dogo, ili iingie katika mkebe wa biskuti na kusalimika na wadudu. Wahaya waliokwenda Buganda kwa biashara au kibarua walirudi na kitabu hicho, wakaketi chini ya migomba, wakasomeana. Wamisionari wa Bethel walipotoka Ujerumani na kufika Bukoba mwaka 1910, walikuta makundi ya wasomaji yaliyokwisha kuanza bila Mzungu. Mhaya alimwabudu Mungu kwa lugha ya jirani yake, kutoka kitabu cha jirani yake, na aliona ni chake. Kutoka kwa wasomaji wa namna hiyo alipatikana baadaye Josiah Kibira, askofu tangu 1964, ambaye mwaka 1977 alichaguliwa kuwa Mwafrika wa kwanza kuwa rais wa Shirikisho la Walutheri Duniani. Na kutoka upande wa Kashozi na misheni zake alipatikana Laurean Rugambwa, aliyefanywa kadinali mwaka 1960, Mwafrika wa kwanza katika zama hizi kuvaa kofia hiyo.

Lugha ikahifadhi alama za njia zote mbili. Hata jina la Mungu tunalo mara mbili. Ruhanga ni letu: ni yeye aliyehanga, aliyeumba. Katonda ni la Kiganda: ni yeye aliyetonda, ambako pia ni kuumba. Bibi yangu aliyatumia yote mawili katika sala moja, kama mtu anayemwita mjukuu wake kwa jina la ukoo na la ubatizo kwa pamoja ili asikose kuitika. Mukama, cheo cha wafalme wetu, kikawa Bwana wa mbinguni. Wakatoliki wakashika ekeleziya kutoka Kilatini. Waprotestanti wakashika kanisa kutoka Kiswahili. Ungeweza kumjua mtu kwa neno hilo moja kabla hujamwona akifanya ishara ya msalaba.

Nami niliyajua makutano hayo kwa njia nyingine, katika daftari la mahudhurio. Kwa zaidi ya miaka thelathini nimeita majina darasani kila asubuhi. Nimeita Novatus, Adventina, Deusdedit na Respicius, majina ambayo hata Roma kwenyewe yamekuwa adimu, lakini kwetu yanachunga mbuzi na kuchota maji. Nimeita Zuberi, Hamisi na Mwajuma wa vijiji vile vile. Baada ya jina hilo la kwanza lilifuata la Kihaya, na hapo tofauti ikafa: Novatus na Zuberi wote ni akina Rwegasira, wa ukoo mmoja na mwiko mmoja.

Lakini mabadilishano hayo hayakuwa ya haki kwa wote, na ni wajibu wa mtu wa lugha kulisema hilo. Wako walioingia sokoni na kutoka mikono mitupu. Wamara, Irungu, na Mugasha mwenye ziwa, hao walioheshimiwa na mababu zetu, hawakupewa kiti katika msamiati mpya. Ruhanga alipokelewa kanisani. Hao wengine walipewa neno moja la kigeni, shetani, wakafungiwa nje nalo. Kitenzi okubandwa, kilichotaja ibada iliyokuwa na nyimbo, ngoma na maadili yake, kikawa kinyume cha okushoma, neno la kunong'onezwa. Bibi aliyaepuka majina hayo mbele ya watoto. Nilipokuwa kijana nilidhani ni kwa uchaji. Leo naona kulikuwa na huzuni ndani yake, kwa sababu mama yake mzazi alikuwa wa huko. Mshairi akitumia neno kusoma kwa maana ya kusali, akumbuke kwamba lina kivuli: upande wa pili wa kivuli hicho wamesimama wasiosoma, nao ni mababu zetu.

Tena walikuwa na mila yao ya kukutana na mgeni, kabla ya dini zote hizi. Waliiita omukago. Watu wawili wasio wa ukoo mmoja walichanjwa kidogo. Damu ya kila mmoja ikapakwa kwenye buni, na buni zenyewe zilitoka katika tunda moja, kwa kuwa tunda la kahawa hubeba punje mbili zilizokumbatiana. Kila mmoja alimeza ya mwenzake. Kuanzia hapo walikuwa ndugu, na kumsaliti ndugu wa omukago lilikuwa jambo la kutisha kuliko kumsaliti wa tumbo moja. Kahawa kwetu ilitafunwa kwa udugu na kwa kumkaribisha mgeni vizazi vingi kabla haijawa zao la kuuza Ulaya.

Sasa nije kwenye Kiswahili, lugha tunayoandikia hapa. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 nilikuwa Chuo cha Ualimu Butimba, Mwanza. Mwenzangu wa bweni alikuwa kijana wa Pangani, mwana wa mwalimu wa madrasa, aliyejua mizani kabla hajajua kunyoa. Yeye ndiye aliyenifundisha kuhesabu silabi kwa vidole na kusikia kina kabla ya kukiandika. Jioni moja alinikuta nikiandika insha, akaniuliza kwa nini nyinyi mnaandika sala na sisi tunasema swala. Nikajibu kwamba sala ni ya Kikristo. Akacheka mpaka akaketi. Akanionyesha kwamba ni neno moja la Kiarabu lililopewa tahajia mbili. Baadaye, kwa kusoma, nikaona kuwa Waarabu nao walilipata neno hilo kwa Waarami, kwa hiyo Wakristo wa Syria waliita sala zao kwa jina la namna hiyo kabla Mtume Muhammad hajazaliwa. Neno lilitoka kanisani likaenda msikitini, likapanda jahazi, likafika pwani yetu, likarudi kanisani.

Tangu jioni ile nimekuwa mkusanyaji wa vitu vya aina hiyo. Kanisa ni la Kiarabu, na asili yake kwa Kiarami ni mkusanyiko. Askofu ni episkopos wa Wagiriki aliyepitia kwa Waarabu akapoteza silabi njiani. Injili ni ya Kigiriki iliyofuata njia hiyo hiyo. Padri na Kwaresima tuliachiwa na Wareno. Dhambi, imani, roho, malaika, sadaka na msalaba wenyewe vyote vimevaa kanzu. Na hata siku za juma: Jumapili, ambayo Mkristo huitakasa, ni siku ya pili tu baada ya Ijumaa, siku ya mkusanyiko wa Waislamu. Kila Mkristo wa Afrika Mashariki anayekwenda kanisani Jumapili anahesabu siku zake kutoka msikitini. Wala haoni ajabu, kama vile Mwislamu haoni ajabu kumwita Muumba wake Mungu, neno la Kibantu lililokuwapo kabla ya jahazi la kwanza.

Maneno hayo hayakuhama yenyewe. Yalipitishwa na watu kwa mikono yao. Krapf alipofika Mombasa mwaka 1844, mwaka ule ule Ahmed bin Ibrahim alipofika kwa Suna, alianza kukitafsiri kitabu cha Mwanzo kwa msaada wa kadhi, Sheikh Ali bin Mohiddin. Fikirini: hakimu wa sheria ya Kiislamu ameketi na mchungaji wa Kijerumani, wanatafuta pamoja namna ya kusema kwa Kiswahili kwamba hapo mwanzo Mungu aliziumba mbingu na nchi. Katika jambo hilo la kuumba hawakuwa na la kubishania. Mwaka 1923 tafsiri ya kwanza kamili ya Kurani kwa Kiswahili ilitolewa na Mkristo, Godfrey Dale wa misheni ya Zanzibar. Nia yake ilikuwa ya mabishano, nao masheikh hawakuipokea kwa furaha. Lakini iliwachochea wenye kitabu kukitafsiri wenyewe, hadi tukapata ile ya Sheikh Abdullah Saleh Farsy mwaka 1969. Naye Mathias Mnyampala, Mgogo na Mkristo, aliuchukua utenzi, bahari iliyokuzwa na washairi Waislamu wa pwani kwa karne nyingi, akautumia kusimulia Injili na Zaburi. Sijasikia mtu wa Lamu akimdai kodi.

Basi, utenzi wa harusi. Binti wa mdogo wangu alichumbiwa na kijana Mwislamu wa hapa hapa Bukoba. Walikubaliana kila mmoja abaki na dini yake. Binti akanijia akasema, "Baba mkubwa, tunaomba ututungie maneno ya kusomwa siku ile, yatakayosikika pande zote mbili." Nikatunga beti kumi na mbili. Mbili za mwanzo ni hizi:

Naanza kwa jina lake,
Mola na rehema zake,
Dua tuzipange kwake,
Atujalie amani.

Hawa wawili wapendwa,
Kwa heshima wamefundwa,
Kwa baraka watalindwa,
Wadumu kwenye imani.

Si beti za kujivunia; zilikuwa za kufanya kazi yake na kukaa pembeni. Kikao cha ukoo kilipofika niliwasomea wazee. Ndugu yangu mkubwa, mtoto wa baba yetu mkubwa, mtu wa kanisa tangu ubatizo, aliomba karatasi. Akatoa kalamu ya wino mwekundu akapiga mstari chini ya Mola, chini ya rehema, chini ya dua.

"Mwalimu," akasema, "hii ni harusi yetu au ya kwao? Tuandikie kama Mkristo."

"Sawa, waitu," nikamjibu. "Nitaondoa yote ya Kiarabu. Tuondoe pamoja."

Tukaanza. Mola, rehema na dua zikatoka kama alivyotaka. Nikamwambia baraka nayo ni ya kule, akaguna, ikatoka. Heshima ikatoka. Amani ikatoka. Imani ilipofikiwa akasita, maana alikuwa katibu wa kwaya iliyoimba neno hilo kila wiki. Kudumu kukatoka, na kujalia kukatoka. Wazee wakaanza kucheka, na mmoja akauliza kama harusi yenyewe itabaki, kwa kuwa jina lake nalo limetoka Uarabuni. Mwishoni karatasini mlikuwa na jina lake, na zake, na kwake, na wawili wapendwa waliofundwa ambao hawakujua wanalindwa kwa nini. Nikamkumbusha ndugu yangu kwamba Zaburi anazozisoma kila asubuhi zimejaa rehema.

Hakukasirika. Aliikunja karatasi polepole akanirudishia. "Kwa maneno umenishinda," akasema. "Lakini mimi sikuwa nagombania maneno. Nani atanisomea misa ya kumbukumbu, wajukuu wa mtoto huyu?"

Nilikuwa na jibu la mila: kwetu mtoto ni wa ukoo wa baba yake, awe wa dini yoyote, na wajukuu wa binti hawajawahi kuwa walinzi wa makaburi yetu. Sikulisema. Aliyoyasema hayakuwa hoja ya kujibiwa. Alikuwa mzee anayeona orodha ya watakaomkumbuka ikifupika, na historia ya neno sala, hata ikisimuliwa kwa ufasaha wa namna gani, haimwongezei mtu jina katika orodha hiyo.

Utenzi ulisomwa kama ulivyotungwa. Bwana harusi aliitikia amina, nasi tukaitikia amina, neno ambalo Waebrania wamewagawia wote bila ubaguzi. Kiti cha ndugu yangu katika meza ya wazee kilikaa wazi. Jioni alimtuma mwanawe na kifurushi kidogo kilichofungwa kwa majani makavu ya mgomba. Ndani yake mlikuwa na kahawa ya kutafuna. Hakuambatanisha salamu, wala kijana hakujua kama ni zawadi ya maharusi au ya wageni. Tuliipitisha mezani, na wakwe zetu Waislamu wakachukua punje kama sisi. Hadi leo ndugu yangu hajafika nyumbani kwa mtoto yule, na sitadai kwamba kifurushi kile kilimaliza jambo.

Nimeandika haya kwa sababu naona katika mashairi ya vijana mielekeo miwili. Wako wanaotaka kuyasafisha maandishi yao yasinuke Uarabu, wakidhani nyuma ya Uarabu watakuta Uafrika mtupu. Wako pia wanaovisha kila neno sauti nzito za Kiarabu hata pale ambapo ulimi wa Mswahili ulikwisha kuzilainisha, ili lionekane la Kiislamu zaidi. Wote wawili wanadhani neno lina dini. Mimi, kwa niliyoyaona, nasema neno lina njia. Liliwahi kuketi na kadhi wa Mombasa, likalala Kafuro na wapagazi, likakimbia Mengo usiku, likasafiri katika mkebe wa biskuti. Anayelifukuza neno kwa sababu ya mmoja wa wenyeji wake anawafukuza na hao wengine.

Kwa hiyo ushauri wangu ni wa mwalimu, yaani ni kazi ya nyumbani. Kila mmoja wenu arudi katika lugha ya bibi yake, aulize kusali kunaitwaje humo, na kulikuwa kunaitwaje kabla ya misheni na madrasa. Andikeni yote mawili, hasa la pili, kwa kuwa wanaolijua wanapungua kila msimu wa mvua. Mkilipata, msilifanye silaha dhidi ya lile jipya. Litafutieni ubeti tu, likae humo na wenzake. Mimi nimeanza na okubandwa. Bado nalitafutia kina.